Papa wa Nungwi ana Hadithi Ngapi?

Mazungumzo ya leo yanaanzia dikoni Nungwi, kaskazini kabisa ya Unguja, na yanaanza na papa.

Papa akishushwa dikoni asubuhi hupata wa kumzungumzia wengi, na kila mmoja ana papa wake. Yupo dalali. Huyu atataja ukubwa wa samaki, atataja bei ya kuanzia, atapandisha sauti kidogo, basi. Akizidisha chumvi watu watamcheka, maana samaki mwenyewe kalala mchangani mbele ya macho yao. Yupo nahodha aliyekesha na jarife baharini. Papa wa nahodha si huyu aliyelala hapa. Ni yule mwengine, mkubwa zaidi, aliyelichana jarife alfajiri akenda zake. Na yupo bibi, nyumbani, usiku, mjukuu kamlalia pajani. Papa wa bibi anasema kama mimi na nyinyi, ana sultani wake huko chini ya maji, anajua kudanganya, na mwisho anadanganyika yeye.

Samaki mmoja, na masimulizi hayafanani hata kidogo. Yanatofautiana kwa nini?

Mwanafunzi wa skuli atatoa jibu la mtihani bila ya kupepesa macho: khurafa ni hadithi ya wanyama, kisasili kinaeleza asili ya mambo, kisakale kinasimulia ya kale, mighani ni ya mashujaa. Sina ugomvi na orodha hiyo, imewavusha wengi. Lakini imepangwa kwa kumtazama aliyemo ndani ya hadithi, ikiwa mnyama, ikiwa jini, ikiwa shujaa. Mimi naona tungewatazama waliokaa nje yake, yaani msimulizi na msikilizaji, tukauliza wamepatana nini kabla ya neno la kwanza.

Wale mafundi wa vyombo wa Nungwi wanafanya hivyo hivyo. Mgeni akipita pale ufukweni anaona mbao na mataruma tu, na vyombo vyote machoni mwake ni kimoja. Fundi yeye, kabla tezo halijagusa mti, anauliza chombo kitakwenda maji gani na kitachukua nini. Majibu hayo ndiyo yanayoamua kama itakuwa ngalawa, mashua au jahazi, na mtu akipakia shehena ya jahazi kwenye ngalawa hana wa kumlaumu.

Sasa tumfuate papa wa bibi. Mwaka 1864 alifika Unguja padri wa Kiingereza, Edward Steere, ambaye baadaye ndiye aliyesimamia ujenzi wa kanisa la Mkunazini, pale palipokuwa na soko la watumwa. Steere alikaa na watu wa mjini, akawasikiliza, akaandika walichomsimulia, na mwaka 1870 akachapisha London kitabu cha hadithi za Kiswahili zilizokusanywa hapa hapa Unguja. Mojawapo ni kisa cha punda wa dobi, na wengi wenu mnakijua bila ya kukisoma popote.

Kima anakaa kwenye mkuyu ulioinamia bahari. Kila siku anamtupia papa matunda, urafiki unakolea, mpaka siku moja papa anamwalika rafiki yake kwao. Kima anapanda mgongoni, wanakwenda. Wamefika katikati ya maji, papa anafungua moyo: sultani wetu anaumwa, na dawa yake ni moyo wa kima. Kima hatetemeki. Anamwambia, ungenieleza mapema ningekuja nao, sisi makima tukitoka safari mioyo yetu huiacha mitini. Papa anageuza. Kima akishaukamata mkuyu anapanda juu na hateremki tena, na papa akiita kutoka chini anajibiwa: unadhani mimi ni punda wa dobi? Hapo ndani ya hadithi inazaliwa hadithi nyengine, ya punda aliyeponea chupuchupu mikononi mwa simba, akabembelezwa, akarudi kwa miguu yake, akaliwa. Simba akiuliza moyo na masikio viko wapi, sungura, ambaye keshavila, anamjibu kwamba punda huyu angekuwa na moyo na masikio asingerudi mara ya pili.

Kisa hiki hakikuzaliwa Unguja. Kimo katika Panchatantra ya Wahindi, na huko rafiki wa majini ni mamba. Kimo katika Kalila wa Dimna, kitabu ambacho Ibn al-Muqaffa alikitia katika Kiarabu karne ya 8, na humo rafiki ni kobe. Kilipoteremka kwetu kwa pepo za kaskazi, pamoja na nguo na tende, mwenyeji wake akawa papa, kwa sababu mtoto wa pwani hana haja ya kuelezwa papa ni nani. Hapajatokea mtu akasimama kudai kwamba hii ni habari ya uongo, kwamba mnyama asilia alikuwa mamba na wasimulizi wa Unguja wametughilibu.

Hapajatokea kwa sababu ya yale mapatano. Msimulizi anasema Paukwa, na watoto wanaitikia Pakawa. Kuitikia kule ni kutia saini. Maana yake: tunajua utakayosema hayakuwa, na tunakupa ruhusa. Tangu hapo kima atasema, papa atakuwa na sultani, na hakuna aliyedanganywa.

Lakini ruhusa hiyo ina mipaka, na anayeilinda mipaka ni mtoto. Jaribu kumsimulia mjukuu kisa kile kile usiku wa pili, useme kima alikuwa juu ya mwembe. Atakukatiza: "Siyo, bibi, mkuyu!" Mtoto huyo ana ukali zaidi juu ya uongo wa ngano kuliko ukali wa watu wazima wengi juu ya habari za simuni. Na redio, niseme kwa kuwa ndiyo kazi yetu, ililitia doa kidogo jambo hili. Tuliokua na kipindi cha Mama na Mwana cha Radio Tanzania Dar es Salaam tunakumbuka jinsi tulivyozungumza na kile kisanduku kana kwamba kinatusikia. Kilisimulia vizuri mno. Ila ukikikatiza hakirekebishi.

Tumrudie nahodha. Mkasa wake hauna Paukwa. Unaanza na upepo: ilikuwa kusi, maji yamekupwa, tumetoka na fulani na fulani. Anawataja mabaharia wake kwa majina, na si kwa mapambo. Anawataja kwa sababu mmoja wao huenda kakaa pale pale bandani anatengeneza dema, naye ana haki ya kusema, "Ah, nahodha, siyo siku ile." Hayo ndiyo mapatano ya mkasa: shahidi atajwe, na shahidi asikilizwe. Wanafunzi wa vyuoni wanaijua kanuni hii katika sura yake kali kuliko zote, maana hadithi za Mtume, rehema na amani zimshukie, zimepimwa kwa karne nyingi kwa kuuliza nani kapokea kwa nani, na mpokezi mmoja akiwa dhaifu mnyororo mzima unatiliwa shaka.

Bandani hawafiki ukali huo. Mvuvi atakuongezea dhiraa moja au mbili za papa, na hakuna atakayemsusa. Atakuficha mwamba aliopata samaki, na hilo nalo ni haki yake, nani atatoa siri ya riziki? Lakini mtu huyo huyo hathubutu kukudanganya juu ya mlango wa kupitia kwenye miamba, wala juu ya mkondo unavyokwenda maji yakijaa. Akifanya hivyo mtu atakufa. Kwa hiyo ndani ya simulizi moja ya mvuvi yapo maneno ya kufurahisha, yapo maneno ya kuficha, na yapo maneno yasiyoguswa, na wanaokaa bandani wanayatenganisha bila ya kufundishwa na mwalimu. Mgeni ndiye anayeyabeba yote kwa uzito mmoja, ama akaamini kila kitu, ama akakataa kila kitu.

Aina nyengine ya masimulizi ni ngumu zaidi, na hapa nitakawia kidogo. Watu wengi wa Nungwi wanajihesabu kuwa ni Watumbatu, na kisiwa cha Tumbatu kina simulizi yake ya asili: wakuu waliokuja kwa majahazi kutoka Shirazi ya Uajemi, wakajenga mji pale Makutani, ambapo magofu ya msikiti na nyumba yapo mpaka leo. Kusini kwa Unguja ipo Kizimkazi Dimbani, na msikiti wake una maandishi ya Kikufi yaliyochongwa kwenye mawe ya matumbawe, yenye tarehe ya mwaka 500 wa Hijria, sawa na 1107 Miladia. Mwanajiografia Yaqut al-Hamawi, aliyefariki 1229, aliitaja Tumbatu kwa jina, akaandika kuwa watu wake ni Waislamu.

Kisakale hiki hakisimuliwi kwa Paukwa, na hakitaji shahidi, maana mashahidi wako makaburini. Kinasimuliwa kwa "sisi". Sisi tulitoka pahala fulani, sisi ndio wa mwanzo kufika, kisima hiki ni chetu. Anayeitikia hakubali uongo wala hathibitishi ukweli, anakubali kuhesabiwa miongoni mwao. Ndiyo maana ubishi juu ya Ushirazi haujawahi kuwa ubishi wa kitaaluma tu hapa kwetu. Umeingia katika majina ya vyama, umeingia katika madaftari ya sensa, umeingia katika posa.

Kwa muda mrefu wasomi wengi waliiona simulizi hiyo kama kujikweza, kwamba watu wa pwani walijitafutia babu wa mbali ili wapate hadhi. Mwaka 2023 jarida la Nature likachapisha utafiti wa vinasaba vya mabaki ya watu 80 wa zamani, wengi wao waliozikwa mwambao huu, kuanzia pwani ya Kenya mpaka Kilwa na Songo Mnara. Ikaonekana kuwa tangu karibu na mwaka 1000 damu ya Kiajemi ilichanganyika kweli na ya Kiafrika. Wazee hawakubuni. Ila utafiti huo huo ulionyesha kwamba damu ya Kiajemi ilipitia zaidi kwa wanaume, na upande wa mama ulikuwa, kwa sehemu kubwa kabisa, wa Kiafrika. Sasa sikilizeni tena kisakale chenyewe. Baba yumo, jahazi lake limo, mji alioujenga umo. Mama, ambaye hakushuka jahazini kwa kuwa alikuwepo, anapita upesi, mara nyingi hata jina hapewi. Kisakale hakikusema uongo. Kilichagua cha kukumbuka, na kuchagua huko, kwa maoni yangu, kunahitaji kuulizwa maswali kuliko jahazi.

Na ipo simulizi ya Nungwi ambayo hata kuipa jina la aina ni tabu. Usiku wa kuamkia Jumamosi, tarehe 10 Septemba 2011, meli ya MV Spice Islander I ilizama kwenye mkondo baina ya Unguja na Pemba, upande huu wa Nungwi, ikiwa imejaa watu kupita kiasi. Wavuvi walitoka na vyombo vyao. Ufukwe ambao siku nyengine ni wa watalii ukawa wa kupokea waliookoka na maiti. Miili iliyopatikana ilizidi 200, lakini ni watu wangapi hasa walipanda meli ile, hilo lilibishaniwa kwa miezi, maana orodha ya abiria haikuwa ya kutegemewa. Idadi ya serikali ikawa upande mmoja, idadi ya mitaani upande mwengine, na kati yao familia za Pemba zilizokuwa zikihesabu kwa vidole nani hajarudi.

Pale utaona habari inavyotofautiana na mkasa. Nahodha wa jarife anasimulia kwa sababu yeye amerudi. Habari inadaiwa kuwasemea na wasiorudi, nayo haiwezi kufanya hivyo kwa ufundi wa ulimi, inahitaji karatasi. Inahitaji mtu aliyesimama bandarini akaandika majina. Karatasi ilipokosekana, uvumi ukakaa kitini, na sitawalaumu waliouamini. Mtu aliyempoteza mtoto akiulizwa na serikali athibitishe kuwa mtoto alipanda, ataonyesha nini?

Uvumi nao ni aina, msiudharau. Mwaka 1995, miezi kabla ya uchaguzi wa mwanzo wa vyama vingi tangu Mapinduzi, iliibuka Pemba simulizi ya Popobawa, pepo mbaya anayewajia watu usiku, ikavuka maji ikaja Unguja. Wakubwa mnaikumbuka. Watu walikuwa wanatoka majumbani usiku, wanalala nje kwa pamoja wakiwasha moto. Mtu mmoja ambaye akili yake haikuwa sawa aliuawa na umati hapa Unguja kwa kudhaniwa kuwa ndiye. Siasa nayo haikukaa mbali, kila upande ukawa na maelezo yake juu ya nani kamleta.

Mambo ya pepo wabaya si mapya visiwani, bibi zetu walikuwa nayo mengi na walilala ndani. Kilichoifanya simulizi ile iwe na nguvu ni sharti lililokuwemo ndani yake: aliyejiwa na Popobawa lazima awaeleze wenziwe, akinyamaza atarudiwa. Fikirini ufundi wa sharti hilo. Ni simulizi yenye amri ya kusambazwa tumboni mwake. Haikuombi uitikie kama ngano. Haikutajii mabaharia kama mkasa, ila itakwambia ni jirani wa binamu yake fulani. Haina karatasi kama habari. Inakutisha tu, kisha inakutuma. Leo ukipata kwenye WhatsApp sauti ya mtu asiyejitaja, inayoanza kwa kutetemeka na kumalizia kwa "wapelekee na wengine haraka", muundo wake ni ule ule wa 1995, limebadilika bawa tu.

Zanzibar iliwahi kutoa mwandishi aliyeufahamu mchezo huu mapema kuliko sote. Muhammed Said Abdulla, mzaliwa wa Makunduchi mwaka 1918, alikuwa mtu wa magazeti, aliwahi kuwa mhariri wa Zanzibari. Mwaka 1957 na 1958 Shirika la Maandishi la Afrika Mashariki liliendesha mashindano ya uandishi wa hadithi kwa Kiswahili, na aliyeshinda ni yeye, kwa Mzimu wa Watu wa Kale, kilichotoka kitabu mwaka 1960. Mtu mwenye mali zake anakutwa amekufa penye mzimu. Mji mzima unazo habari tayari, kwani penye mzimu muuaji hatafutwi, keshajulikana. Anatokea Bwana Msa na kiko chake mdomoni, anamwachia rafiki yake Najum ashangae, na anaanza kuuliza maswali ya kibinadamu. Nani alionekana wapi, saa ngapi, anafaidika nani.

Watu husema Abdulla alileta hadithi za upelelezi katika Kiswahili, na kwamba aliiga akina Sherlock Holmes. Sawa, kiko kinashuhudia. Lakini mpelelezi wa London hakuwa na mzimu wa kushindana nao, wa Unguja alikuwa nao. Abdulla alizikutanisha aina mbili za masimulizi katika uwanja mmoja, ya mzimu na ya ushahidi, akatuacha tutazame ipi inahimili maswali. Miaka minane baadaye, katika Kisima cha Giningi, akafanya tena, na safari hii akachukua jina la mji wa wachawi ambao kila mtoto wa Unguja alitishwa nao. Msomaji aliyelelewa kwa hadithi za Giningi anakisoma kitabu kile kwa moyo usiofanana na wa mgeni, sehemu yake moja inaogopa kweli.

Nimalizie kwa mtu ambaye hakuandika kitu, maana hakujua kusoma wala kuandika. Siti binti Saad, wa Fumba, aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurikodi santuri, alikuwa na wimbo wa Kijiti. Mwanamke alitoka Dar es Salaam kuja Unguja kutembea, akauawa, na muuaji, ndiye Kijiti, akakimbilia bara. Waliokwenda mahakamani kutoa ushahidi wakaadhibiwa wao, kwa kununua pombe. Kesi ilikuwa ya kweli, majina yalikuwa ya kweli, na waliokaa Ng'ambo kusikiliza waliijua mitaa na watu wake. Kwa hiyo ni habari. Ni wimbo pia, watu waliucheza. Na kwa kuwa wasikilizaji waliyajua mambo yenyewe, Siti hakuwa na nafasi ya kuongeza chumvi kama nahodha. Alichokuwa nacho ni uhuru wa kupanga, aanze na nani na lawama aiweke wapi. Hakimu alikuwa ameiweka kwa walionunua pombe. Wimbo ukaiweka kwa Kijiti, na kwa hakimu mwenyewe.